Feni Tano za Bwana Wachira

Feni ilikuwa imening'inizwa kwa uzi kwenye dirisha la duka, orofa ya pili, Barabara ya Luthuli, ikizunguka saa tano asubuhi huku ikigeuka nyekundu, kijani, buluu, kisha nyekundu tena. Haikuwa ikipoza chochote. Chini yake alikaa mwenye duka, amevaa jaketi na kofia ya sufu, kwa sababu ilikuwa Julai ya mwaka 2007 na Nairobi ilikuwa baridi kama friji ya bucha.

"Hiyo inafanya nini?" nilimwuliza.

"Inawaka, mathe."

"Naona inawaka. Nimeuliza inafanya nini."

Alinitazama kwa huruma, jinsi vijana wa mjini wanavyotazama mtu anayeuliza bei ya kibiriti. "Ndiyo hiyo. Inawaka rangi tatu. Zingine zote huku tao ni buluu tu. Hii unazungusha kitufe, unachagua."

Nimetengeneza friji kwa miaka ishirini na miwili. Nina diploma ya mitambo ya baridi, niliyoisomea nikiwa mwanamke wa pekee darasani, na mwalimu wetu alikuwa akiniita "dada wa jikoni" hadi siku ya mtihani. Najua feni ni nini. Feni ni kibarua. Inachota joto hapa na kulimwaga kule, na ikifanya kazi yake vizuri unasahau kwamba ipo. Sijawahi kufungua friji nikakuta feni imejipodoa.

Nzisa, binti yangu, hakuwa akinisikiliza. Alikuwa ameitoa feni nyingine kwenye boksi na kuigeuzageuza mkononi, akiyahesabu mabawa yake.

Nieleze tulifikaje pale. Nzisa alikuwa na barua ya kuitwa chuo cha ualimu, na majibu yalitakiwa yafike Jumatatu ya mwisho wa mwezi. Yeye hakutaka ualimu. Alitaka kuunda kompyuta, moja moja, kila moja kwa mtu wake, kama fundi anayeshona suti. Nilimwambia suti huvaliwa kanisani na kompyuta haivaliwi popote. Tulibishana wiki mbili. Ndipo akapata oda yake ya kwanza kutoka kwa Bwana Wachira wa Spring Valley, mtu mwenye ofisi nyumbani kwake ya kutengeneza matangazo ya katuni, na tukapatana: Bwana Wachira akiikubali mashine, barua itarudi na jibu la hapana. Akiikataa, Nzisa atasaini na kufunga sanduku.

Bwana Wachira alitaka mashine yenye nguvu. Hilo nililielewa. Alitaka pia iwe na dirisha la kioo ubavuni na feni zinazobadilika rangi, ili wateja wakiingia ofisini wajue wamefika mahali pa maana. "Watu huamini kinachowaka," alimwambia Nzisa kwenye simu. Mtu mzima, mwenye ndevu na hati ya shamba, anataka kompyuta inayofanana na baa ya Ijumaa.

"Chukueni hizi ndogo," alisema mwenye duka. "Taa yake ni kali zaidi. Na mzifunge zote zikiangalia dirisha, ndio zionekane."

"Zote zikiangalia ndani, zote zitakuwa zinatoa hewa," Nzisa alimjibu bila kuinua macho. "Hewa inaingia kwa uso wa feni na kutokea kwa mgongo. Sasa nani ataingiza?"

"Kwa hivyo zingine zionyeshe mgongo? Msupa, nani hununua mgongo?"

"Mimi. Nipe tano kubwa. Hizo ndogo zinapiga kelele."

Nilijifanya natazama nyaya ukutani. Kilikuwa kitu ambacho ningetaka kumfundisha, na sikujua ni lini alikuwa amejifundisha. Lakini binti anayejua uelekeo wa hewa bado anaweza kufa njaa. Tukalipa, tukarudi nyumbani Riruta.

Aliiunda mezani pa chakula. Kwa siku mbili tulikula tukiwa tumepakata sahani. Feni mbili alizifunga mbele ziingize hewa, moja nyuma itoe, na mbili juu kwenye paa la kasha, kwa kuwa joto hupanda na palepale juu hukuta mlango wazi. Nilichana ukanda mwembamba wa gazeti nikamwonyesha jinsi sisi wa friji tunavyopima: unaushika ukanda mbele ya feni, na karatasi inakuambia hewa inakwenda wapi na kwa nguvu gani. Karatasi haidanganyi kwa rangi. Alipopima zile za juu, ukanda ulisimama wima ukitetemeka.

"Umeona, Mum?"

"Nimeona. Na bila taa ungesimama vilevile."

Alicheka. Mimi sikuwa nimesema ili acheke.

Kilichobaki kilikuwa majaribio. Mashine ilipaswa kufanya kazi nzito siku nzima, ikichora picha bila kupumzika, isizime. Nzisa alikuwa akishika zamu kwenye cyber moja ya intaneti huko Uthiru, kwa hiyo aliiwasha asubuhi, akaondoka, akaniacha nayo. Mimi nina wateja wangu, lakini siondoki nyumbani kabla sijaipanga. Riruta ina vumbi ambalo huingia hata kwa tundu la ufunguo. Kwangu kila kitu chenye waya kina kitambaa chake cheupe cha kufuma: televisheni, redio, friji, hata simu ya mezani iliyokufa tangu mwaka juzi. Hivi ndivyo nilivyolelewa. Nyumba isiyo na vitambaa ni ya mtu anayesubiri kuhama. Nilifuta meza, nikafunika vya kufunikwa, nikachukua begi la vifaa, nikaenda zangu.

Jumatatu jioni Nzisa aliikuta mashine imezima. Jumanne pia. Akaifungua, akabadilisha dawa ya kupitisha joto juu ya prosesa, akakaza kila skurubu, akaiwasha ikiwa wazi mbele yake, ikaenda saa tatu mfululizo bila tatizo. Akaifunga. Jumatano jioni ilikuwa imezima.

"Nilikuambia," nilisema.

"Uliniambia nini, Mum?"

"Kwamba kitu kinachojipamba hakifanyi kazi. Feni ya maana haina muda wa kuwa kijani."

"Taa haihusiani na hewa. Hizo ni nyaya tofauti."

"Basi Bwana Wachira utamwelezea nyaya. Mashine inazima mwezi wa Julai! Mbwa wa hapa Riruta wanalala jikoni kwa baridi, nayo inasikia joto!"

Nilimsema mbele ya jirani yetu Njambi, aliyekuja kuomba chumvi. Nilimwita Nzisa mhandisi wa disko, na Njambi akacheka hadi chumvi ikamwagika. Sitaficha: nilikuwa nafurahi. Siyo kwamba binti yangu ameshindwa, ila kwamba nilikuwa nimesema. Nzisa aliwasha na kuzima kile kitufe cha rangi mara kadhaa, kisha akaenda kulala bila kula.

Alhamisi, Muthoni mwenye bucha alinipigia simu nisiende, kwa hiyo nilirudi nyumbani saa sita badala ya jioni. Kabla sijafungua mlango nilizisikia. Feni zilikuwa zikilia. Si ule mvumo wake wa chini, bali kilio chembamba, kama cha mtu anayesukuma mlango uliofungwa kwa nje.

Mashine ilikuwa mezani, bado inafanya kazi. Juu yake, kimetandazwa sawasawa, pembe moja ikining'inia kwa mbele jinsi ninavyopenda, kilikuwa kitambaa changu kikubwa, kile kizito cha televisheni ya zamani, kilichofumwa na mama yangu mwenyewe, ambaye Nzisa humwita susu, kwa uzi uliosokotwa mara mbili. Mwanga ulikuwa ukipenya kwenye vitundu vyake. Maua ya uzi yalikuwa mekundu, kisha ya kijani, kisha ya buluu. Asubuhi zote nne nilikuwa nimesimama mlangoni nikayatazama kidogo kabla ya kuondoka. Yalipendeza. Hilo nalo sikumwambia mtu.

Niliweka kiganja juu ya kitambaa. Kilikuwa moto kama shati linalotoka kwenye pasi. Nilipokiinua, joto lilinipiga usoni, na feni zikashusha sauti polepole, kama mtoto anayenyamazishwa.

Nilikaa kitini.

Muthoni wa bucha, mwaka uliotangulia, aliisukuma friji yake hadi ukutani na kusindilia magunia nyuma yake, kisha akaniita kulalamika kwamba nyama inaoza. Nilimtukana mbele ya wateja wake. Nilimwuliza kama yeye angeweza kupumua akiwa na gunia puani. Alikuwa na darasa la saba. Mimi nina diploma, nayo iko ndani ya fremu, ukutani, hatua tatu kutoka meza ile.

Nzisa alikuwa akikikuta kitambaa kila jioni na kudhani nimefunika mashine iliyokwisha kuzima yenyewe. Hakuwa na sababu ya kudhani vingine. Mama yake ni fundi wa baridi.

Na hapo nilikaa zaidi ya nilivyopaswa. Barua ya chuo ilikuwa ndani ya kibeti changu, kwenye bahasha yake. Ningekirudisha kitambaa, nikatoka nje na kwenda kumsalimu Njambi, mashine ingezima kabla ya saa kumi. Binti angekuwa mwalimu. Mshahara wa kila mwezi, bima, shule ya serikali, na hakuna ambaye angejua. Kitambaa kilikuwa mapajani, kikipoa. Nilikumbuka swali lake la kule dukani, nani ataingiza, na jinsi alivyolisema bila hata kuinua macho.

Alipofungua mlango jioni, alikuwa na macho ya mtu aliyekwisha amua. "Nipe ile barua nisaini, Mum. Nimechoka."

"Itazame kwanza."

Aligeuka. Feni tano zilikuwa zikivuma, buluu. Aliinama kusoma saa kwenye kioo cha kompyuta. "Imeenda tangu asubuhi?"

"Tangu asubuhi."

"Ulifanya nini?"

"Nimepangusa vumbi," nilisema, nikaingia jikoni, ambako kitambaa kilikuwa kimelowekwa ndani ya karai, chini kabisa, chini ya mashati.

Ijumaa ilienda kutwa bila kuzima. Jumamosi tuliipeleka Spring Valley, ikiwa imefungwa kwa blanketi kwenye pikapu ya mume wa Njambi. Huko ua wa miti ni mrefu kuliko nyumba za kwetu, na mbwa wana mlinzi wao. Bwana Wachira alitupokea akiwa na viatu vya ndani. Aliizungusha ile rangi mara sita, akaguna kwa furaha, nami nikamdharau kikamilifu. Kisha akaipa mashine kazi yake nzito kuliko zote, tangazo la sabuni lenye mapovu elfu moja, akasema:

"Ikimaliza hii bila kuzima, tumeelewana. Ile ya zamani ilishindwa mara nne." Akatoka kwenda kupokea simu.

Tuliachwa na chai na mama yake, Mama Hannah, bibi mwembamba mwenye kitenge kilichopigwa pasi. Aliitazama mashine kwa muda, akatikisa kichwa.

"Kitu kizuri hivi, na kinakaa uchi," alisema. Akaenda kabatini, akarudi na kitambaa cheupe cha kufuma, kikubwa, pembe zake zimekazwa kwa wanga. Nzisa alikuwa ameinama akipanga nyaya nyuma ya meza, hakuona. Mama Hannah alikikung'uta, akakitandaza hewani juu ya kasha jinsi tu ambavyo ningefanya mimi.

"Hapana, Mama!" Nilikuwa nimekishika kabla hakijatua. Chai ilimwagika.

Alishtuka. "Ni safi. Nimekifua jana."

"Ni safi kuliko vyangu. Lakini inapumulia hapo juu. Mimi niliifunika hivihivi siku nne, ikawa inazima, nikamlaumu mtoto. Na mimi ndiye mwenye diploma ya baridi."

Nilikuwa nikiongea na bibi yule, lakini nyuma ya meza mikono ilikuwa imeacha kugusa nyaya. Sikugeuka.

"Siku nne?" alisema Nzisa.

"Nne."

"Kile cha susu?"

"Kile cha susu."

Alitoa pumzi ndefu kwa pua. Sijui ilikuwa hasira au kicheko kilichozuiwa. Kwa upande wa baba yake hivyo viwili hutoka kwa mlango mmoja.

Mama Hannah bado alikuwa ameshika pembe yake ya kitambaa, nami nimeshika yangu, kama watu wanaokunja shuka. "Inapumua namna gani?" aliuliza. "Sioni kitu."

Nilitafuta karatasi. Hapakuwa na gazeti kwenye nyumba ile, ni vitabu tu vyenye majalada magumu. Nilifungua kibeti, nikatoa bahasha, nikachana ukingo wake mmoja kwa urefu. Barua ilibaki ndani, nzima. Nzisa aliuona muhuri wa chuo. Aliuona na ukanda mkononi mwangu.

Bwana Wachira alirudi, simu bado mkononi. "Imemaliza," alisema, akikitazama kioo kana kwamba ni yeye aliyeyahesabu mapovu. Kisha akatuona. "Mnafanya nini na karatasi?"

"Mum ndiye fundi wa hewa," alisema Nzisa. "Ngoja aonyeshe."

Nilimpa Mama Hannah ukanda, nikamshika kifundo cha mkono, nikaupeleka juu ya feni. Karatasi ilisimama wima, ikatetemeka, ikawa nyekundu. Bibi alicheka kama msichana. Ikawa kijani.

"Na hiyo rangi," aliniuliza, "ina kazi gani?"

Nzisa alikuwa akinitazama, akisubiri. Tukaitazama wote karatasi hadi ikawa buluu.