Maziwa ya Mwaka wa Vita

Kikombe cha kahawa kilikuwa kimefika nusu ya safari ya kwenda mdomoni Mzee Akil aliposikia jina la babake. Kikasimama papo hapo. Sote tuliokaa barazani kwa Bi Nasiha tulikiona, kikombe kidogo cheupe kimekatwa mwendo hewani, na kahawa ndani yake ikipiga mawimbi madogo madogo.

"Muhdhar yupi huyo, Bi?" akauliza, kwa sauti ya mtu anayeulizia bei ya kitu asichokusudia kukinunua.

"Muhdhar wa kamba," akasema Bi Nasiha. "Aliyekuwa akiuza kamba za meli pale Kuze, mwenye kovu lililokata nyusi moja. Kwani alikuwako Muhdhar mwingine?"

Mimi nilikuwa bado natabasamu. Punde kabla ya hapo Bi Nasiha alikuwa amemtaja nyanyangu mzaa mama, Rukiya mke wa Sadiki mshona kofia, akimsifu kwa jambo ambalo sikuwahi kulisikia, na fahari ilikuwa imenijaa kifuani. Nikamgeukia mamangu ili tuigawane furaha hiyo. Mamangu hakuwa akinitazama mimi. Alikuwa akikitazama kile kikombe, na uso wake ulikuwa umeshafika mahali ambapo mimi nilikuwa sijafika bado.

Harusi yake na Mzee Akil ilikuwa imekaribia. Posa ilikuwa imeshajibiwa, mahari yameshatajwa, na mamangu, Shariffa binti Sadiki, mjane wa miaka sabini na kitu, alikuwa ameanza kuimba akifagia.

Walikutana kwenye foleni ya kliniki ya macho, wote wawili wametoka kutolewa mtoto wa jicho. Yeye amefungwa bandeji jicho la kushoto, mamangu la kulia. Mzee Akil alimwamkia kwa adabu zote, akamuuliza hali na watu wa nyumbani, kisha akamwambia, "Bibi, mimi na wewe tukikaa sawasawa tuna macho mawili kamili." Mamangu, ambaye tangu kufa kwa babangu alikuwa hachekeshwi na lolote, alicheka mpaka muuguzi akatoka nje kuangalia kuna nini.

Tangu hapo akawa anatuzuru. Alikuwa mjane naye, karani wa forodha aliyestaafu zamani, na watoto wake wako Maskati na kwingineko. Akija hukaa sebuleni, mlango wazi, nami nimekaa baina yao kama mlinzi wa benki, huku wao wakibishana juu ya taarifa ya habari ya redioni. Mamangu hakuwa akitafuta mume wa kumlisha. Duka langu la leso la mtaa wa Biashara lilitutosha. Alikuwa akitafuta mtu wa kubishana naye asubuhi. Watu walisema, na mji wetu haukosi kusema: ajuza na harusi wapi na wapi. Mamangu akawajibu kwa kuja dukani kwangu na kuchagua doti mbili mpya, zile za rangi ya kuwaka.

Ile ziara ilikuwa fikira ya Mwikali. Mwikali ni mtu wa Kitui, anafanya kazi ofisi za bandarini na anakaa Buxton. Alianza kuwa mteja wangu, akaishia kuwa dadangu. Babu wa babake alichukuliwa kubeba mizigo ya wanajeshi katika vita vile vya kwanza vya Wazungu, akateremka pwani, asirudi. Mwikali alikuwa amesikia kwamba kuna bwana mmoja, Kamaludin, mzaliwa wa Mji wa Kale, ambaye Jumapili huwatembeza watu kwa miguu akiwaonesha mambo ya vita yaliyopita kisiwani. Akaniomba nimsindikize. Mzee Akil aliposikia, akaomba twende sote.

Alikuwa na sababu yake. Alizaliwa Mombasa wakati wa vita vya pili, na mamake akafa angali mchanga. Babake akamchukua Tanga, akaoa huko, na Akil akalelewa na mama wa kambo aliyemdhani mamake wa damu mpaka alipoota ndevu. Aliporudi Mombasa kijana, kutafuta kazi, babake alikuwa ameshafariki na hapakuwa na wa kumuuliza kitu. "Nataka kuuona mji aliofia mamangu," alituambia. "Ninaukaa, lakini sijauona."

Tukaanzia kwenye zile sanamu za askari wa vita vya kwanza. Mwikali aliweka kiganja chake kwenye jiwe, akakaa hivyo, na Kamaludin, ambaye ni mtu mwenye maneno mengi, akawa na busara ya kunyamaza. Kisha akatutembeza. Akatusimulia jinsi manowari zilivyojaa Kilindini, jinsi watu walivyoogopa kwamba Wajapani watakuja kutoka baharini, jinsi madirisha yalivyofunikwa vitambaa vyeusi jioni ikiingia. Mzee Akil alikuwa akitazama juu, madirisha hata yale ya benki na maduka ya simu, kana kwamba katika mojawapo mtu angechungulia amwite.

Kituo cha mwisho kilikuwa Kibokoni, kwa Bi Nasiha. Kamaludin alituambia waziwazi kwamba mambo ya vita ya bandarini anayajua yeye, lakini ya jikoni anayajua Bi Nasiha. Alikuwa amekaa barazani kwake, mwembamba kama ufito, ameshaandaa kahawa na halua. Wakati wa vita alikuwa msichana mwenye kutumwa dukani. Akatueleza kwamba mtele wa Bama, ule mchele wa Burma, ulikatika, watu wakala unga wa mahindi huku wamekunja nyuso. Maziwa ya mkebe yakaadimika hata kwa mwenye pesa. King'ora kikilia, wanawake wa kichochoro chote walikuwa wakikusanyika katika ghala ya nyumba yao ile, kwa kuwa kuta zake ni nene.

"Siku moja," akasema, "akaja mwanamume na kitoto mikononi. Mkewe alikuwa amezikwa siku ile. Kitoto yuwalia hata sauti imekauka, na maziwa ya mkebe hayako. Rukiya alikuwa amekaa pembeni anamnyonyesha mwanawe. Hakuuliza ni wa nani. Alinyosha mkono tu apewe, akasema, 'Ndoo nae.'"

Na hakumnyonyesha siku ile pekee. Alimchukua kwake, akamweka ziwa hili na mwanawe ziwa lile, mpaka akaota meno, mpaka akatembea. Kisha babake akaja kumchukua, wakahama mji, na Rukiya akalala homa siku kadhaa. Vita vilipokwisha, yeye na mumewe Sadiki nao wakahamia Malindi. Bi Nasiha hakuwaona tena.

Hapo ndipo Mwikali alipouliza kama alimkumbuka yule baba, na Bi Nasiha akasema Muhdhar, na kikombe kikasimama.

Mzee Akil alikiweka chini kwa utaratibu, hakumwaga hata tone. Akauliza jina la yule mtoto. Bi Nasiha akafikiri, akasema jina limemtoka, Mungu amsamehe. Mzee Akil akamshukuru kwa kahawa. Tukaagana kwa heshima zote, na njia nzima ya kurudi mamangu alitembea mbele yetu peke yake.

Mwikali akanivuta mkono, akaniuliza kuna nini. Nikamweleza. Kwetu sisi, mtoto akinyonyeshwa na mwanamke akashiba, na ikawa si mara moja wala mbili, huyo ni mwanawe, na wana wa mwanamke huyo ni nduguze. Hawaoani. Mwikali akasema, kwa upole, kwamba mamangu wakati ule hakuwa hata amezaliwa. Nikamwambia ziwa ni lile lile. Kisha akasema kwamba ni yeye aliyetuleta, na nikamwambia asiseme hivyo, na nilimaanisha, ingawa sauti yangu haikusikika hivyo.

Nyumbani nilijaribu. Nilimwambia mamangu kwamba Bi Nasiha amekaribia kutimiza karne, na mtu wa umri ule huchanganya Rukiya huyu na Rukiya yule. Mamangu alikuwa akizikunja zile doti mpya, pindo kwa pindo.

"Nimeshasikia, Bayan," akasema. "Sikio halina kifuniko."

Siku chache zikapita bila redio kufunguliwa. Baadaye nilikuja kujua kwamba Mzee Akil alikuwa amerudi Kibokoni peke yake. Alikwenda kuuliza ilikuwa mara ngapi, akitumaini kuambiwa mara mbili, mara tatu. Bi Nasiha alicheka, maskini, bila kujua anachokicheka, akamwambia kwamba yule mtoto alikuwa akimuuma Rukiya kwa meno yake mapya, na Rukiya akipiga ukelele bado hamtoi.

Wakakubaliana waende kwa sheikh wa msikiti wetu. Nikawasindikiza. Sheikh ni mtu wa makamo, mtaratibu. Aliwakalisha mkekani, akasikiliza mpaka mwisho bila kuwakata kauli. Akafikiri. Kisha akasema kwamba jambo hili ni zito, lakini ni la zamani mno, na shahidi ni mmoja, tena mtu mzima sana. Kwa kauli ya mtu mmoja yeye hawezi kuwakataza watu ndoa. Kama hapana mwingine anayejua, basi linabaki baina yao na nafsi zao.

Niliuona uso wa Mzee Akil ukifunguka kama dirisha. Nami, Mungu anisamehe, nilishusha pumzi.

"Mimi ninalo la kuongeza, sheikh," akasema mamangu.

Alikuwa akiitazama mikono yake. Akasema kwamba mamake alizaa watatu. Wawili wametangulia, amebaki yeye. Na mamake huyo alikuwa na neno lake. Akisahau kutia chumvi, akipoteza ufunguo, alikuwa akisema, "Nisameheni, Akil wangu yuko Tanga."

"Sisi watoto tulikuwa tukimcheka," akasema. "Tukimwambia, mama, haisemwi hivyo. Husemwa, akili yangu iko Tanga. Yeye hutabasamu tu. Kesho yake husema vile vile. Hata alipolala kitanda chake cha mwisho alilisema, nami nikamsahihisha." Akainua macho. "Mamangu alizaliwa Mombasa hii. Hakuwa mtu wa kukosea Kiswahili. Maisha yangu yote sikujua kwamba anamtaja mtu, mpaka nilipokaa barazani kwa Bi Nasiha."

Nje mtu alikuwa akitawadha, maji yakichuruzika. Nilimtazama mamangu na nikafahamu kwamba neno lile lilikuwa mdomoni mwake tangu Jumapili ile, na kwamba angelimeza, hakuna binadamu ambaye angejua.

Mzee Akil alikuwa amejifunika uso kwa viganja. Alipovishusha, alimwelekea mamangu, si sheikh.

"Alinitaja?"

"Kila siku," akasema mamangu.

Sheikh akawaombea dua. Alipotusindikiza mlangoni alimwambia mamangu kwamba huyu sasa ni kakake kwa sheria yote. Ni maharimu wake, anaweza kukaa naye, kula naye, kusafiri naye, wala hapana haja ya mtu wa kukaa katikati. Alikuwa akitaka kumliwaza. Mamangu akasema ahsante, sheikh, na njiani akasema ametembea vya kutosha, tutafute tuktuk.

Zile doti akazirudisha dukani, akaziweka rafuni mwenyewe. Nilikusudia kumwambia azichukue, nikaona heri niziache pale pale. Siku zile alifagia bila kuimba. Mzee Akil hakuja wala hakupiga simu, na mimi nikaanza kudhani kwamba kila mmoja wao amefiwa upya, na safari hii hakuna matanga ya kukalia.

Kisha asubuhi moja, nikijitayarisha kwenda dukani, nikasikia hodi mlangoni. Mamangu alikuwa jikoni akigeuza mahamri, leso imemwangukia mabegani kwa joto la jiko. Mkono wake ukairukia ile leso kwa mazoea ya miaka yote, ukaishika, ukaiinua nusu. Ukasita. Akaiachia.

"Karibu, kaka," akasema.

Mzee Akil alikuwa ameshavuka kizingiti, amebeba mfuko wa ndimu. Aliyashusha macho haraka, kama mtu aliyefungua mlango usio wake. Akasimama hivyo, akiitazama sakafu. Kisha akakumbuka, na taratibu akayainua.

Nywele za mamangu ni nyeupe na ni nyingi. Alikuwa amezisuka mkia mmoja uliofika kiunoni, na ncha zake zilikuwa bado nyekundu kwa hina aliyokuwa ameijaribu kabla ya harusi. Mzee Akil alizitazama kwa muda. Mimi sikujua nitazame wapi, nikashughulika na vifungo vya buibui langu.

"Nywele hizi umezichukua kwa nani?" akauliza.

"Kwa mama," akasema mamangu.

Mzee Akil akaweka zile ndimu mezani. Akavuta kiti, akakaa, akakishika kiti pande zote mbili kama mtu aliye chomboni.

"Basi geuka kidogo, dadangu," akasema, "nizione vizuri."

Mamangu akapunguza moto, akageuka.