Theluji Niliyoishika

Tangu Leah, yaya wa nyumba, arudi kutoka Austria na familia ya bosi wao, madam Amna, jikoni kwao mtaani Al Nahda hapakuwa na habari nyingine. Irene, mpishi wa nyumba hiyo, alisikia kila siku jinsi walivyopandishwa mlimani ndani ya kibanda kinachoning'inia kwenye waya.

"Theluji nimeishika kwa mkono huu," Leah alisema, akiunyoosha. "Mimi mtoto wa Machame, theluji ya kilele cha Kibo naiona kwa mbali tangu nizaliwe, lakini ndiyo kwanza naigusa."

Asubuhi moja, Leah akichemsha maziwa, Mawadda, binti mdogo wa madam, alileta jikoni picha aliyochora. Milima ilikuwa imechongoka, na kibanda kimejaa watu wanaocheka. Chini kabisa, mtu mmoja alikaa kwenye benchi, kazungukwa na mabegi.

"Huyu nani?" Irene aliuliza.

"Dada Leah. Mama alimwambia abaki na mabegi. Nilimletea theluji kwenye glavu, lakini nilipofika chini ilikuwa maji."

Irene aliutazama ule mkono wa Leah. Leah akauingiza mfukoni mwa aproni, akauacha humo hata maziwa yalipochemka na kumwagikia jiko.