Pini Tatu Zilizolala

Mdogo wangu ni fundi wa kompyuta, mimi ni fundi cherehani, na chumba chetu cha kazi ni kimoja. Upande wa dirishani nimeweka vyerehani vyangu viwili na meza ya kukatia. Upande wa ndani, nyuma ya kabati la vitambaa, ndiko kwake: meza, waya, na makasha ya mashine zilizokufa. Kwa hiyo mengi ya haya ninayosimulia sikuambiwa na mtu. Niliyaona, na kipande kimoja nilikifanya kwa mikono yangu mwenyewe.

Ilikuwa Jumamosi. Baba mkwe wake alikuwa ameambiwa aje saa nne kuchukua kompyuta yake mpya. Saa mbili na robo alishafika, kofia mkononi, viatu vinang'aa. Mzee huyu alikuwa mpima ardhi, na ingawa amestaafu siku nyingi, watu bado wanamfuata awachoree ramani za viwanja vyao. Mashine yake ya zamani ilimfia katikati ya kazi. Safari hii hakutaka iliyofungwa tayari kiwandani. Alitaka yenye nguvu, iliyochaguliwa kipande kimoja kimoja, na kwa mara ya kwanza tangu mdogo wangu amwoe binti yake, alimwambia, "Nifungie wewe."

Lazima mjue uzito wa neno hilo. Siku ya posa mzee aliuliza kijana anafanya kazi gani. Akajibiwa, kompyuta. Akasema, "Haya, hizo ni kompyuta. Na kazi?" Watu walicheka. Mdogo wangu naye alicheka, lakini miaka kumi na moja imepita na bado anainukuu.

"Shikamoo, Baba," alimwamkia.

"Marahaba. Iko tayari?"

"Tayari kabisa. Nimeimaliza jana jioni, imebaki kuiwasha tu."

Nikainua uso kutoka kwenye cherehani. Mimi siwezi kumwambia mteja gauni limekamilika, imebaki kuona kama litamwingia. Lakini nikamsalimia mzee na kumpa kiti.

Mdogo wangu akabonyeza kitufe. Feni zikaanza kuzunguka, taa ya mbele ikawaka vizuri, na skrini ikabaki nyeusi tii. Tukasubiri. Mzee akaitazama skrini, akamtazama mkwewe, akairudia skrini.

"Inapasha moto?" aliuliza.

"Hapana, Baba. Mara ya kwanza huwa inachelewa kidogo."

Ilichelewa kidogo, ikachelewa sana, na mwisho ikawa haichelewi tena bali haiwaki. Akaizima, akafungua ubavu wa kasha na kuingiza kichwa. Kwenye mazabodi, ule ubao mkubwa unaobeba vipande vyote, kuna vijitaa vinne vyembamba kama punje ya mchele, na kando ya kila kimoja kuna herufi ndogo mno. Kijitaa kinachobaki kinawaka ndicho kinachotaja ugonjwa. Hicho nilikijua kwa kukaa naye tu. Siku hiyo cha pili kilikuwa chekundu.

"Ni ramu," akasema. "Kumbukumbu zake hazijakaa vizuri. Dakika mbili tu."

Akachomoa vijiti viwili vya ramu, akavisugua meno kwa kifutio cha penseli, akavirudisha mpaka vikalia ta! Akawasha. Feni, taa, giza. Akavibadilishana nafasi. Giza. Akaleta vingine kutoka mashine nyingine. Akakagua waya zote. Akatoa kile kibetri bapa kama sarafu, akahesabu mpaka mia mbili kwa sauti ya chini, akakirudisha. Akabadilisha hata sanduku la umeme. Giza lile lile.

Mzee hakai kitini akiwa na wasiwasi. Alisimama, akaanza kukipima chumba kwa hatua, kutoka mlangoni hadi kwenye kabati, akigeuka pale pale kila mara. "Mita nne na nusu," akasema, hakuna aliyemuuliza. Akachukua kijitabu cha mazabodi na kuanza kutusomea onyo la ukurasa wa kwanza. Mke wa mdogo wangu alipiga simu mara tatu. Mara ya tatu nilipokea mimi.

"Wifi, vipi, Baba amefurahi?"

"Baba yuko hapa, anatembea," nikamwambia, na alimjua baba yake vya kutosha, akakata simu.

Mimi mwenyewe nilikuwa nimeshapindisha mshono mara mbili. Chumba kizima kilikuwa kinawasha mwili. Nikainuka kutafuta mkasi mdogo ambao mdogo wangu huuchukua bila kuniambia, nikainama juu ya mashine, na macho yangu yakatua kwenye kijitaa chekundu.

"Mbona hapa pameandikwa CPU?" nikauliza. "Ramu ni hiki cha mwisho, wala hakijawaka."

"Najua," akasema.

Hakujua. Alikuwa amekisia kwa kuzoea mashine nyingine, ambazo kijitaa cha pili ni cha ramu. Herufi zenyewe hakuziona. Na mimi nilikuwa nimeshagundua siku nyingi. Simu yake ameikuza maandishi mpaka ujumbe mmoja unajaza kioo kwa maneno manne. Akiletewa kifaa chenye namba ndogo ananiambia, "Dada, hebu nisomee, mikono yangu ina vumbi." Nilimwambia akapime macho. Alinijibu kwamba bado hajafika huko, yeye si babu.

"CPU ni nini?" mzee akauliza.

"Ni prosesa, Baba. Ubongo wa mashine." Nikamwona akikaza taya. "Basi wametuuzia mbovu."

Akampigia muuzaji pale pale. Mdogo wangu ni mtu mpole, lakini siku hiyo alipandisha sauti. Alisema yeye hakuanza kazi jana, alisema kuna watu wanategemea vitu hivyo, alisema wasimfanye mtoto. Upande wa pili nilimsikia kijana akijibu kwa adabu, "Ilete tu, kaka, tuiangalie pamoja."

Mzee aliacha kutembea. Alikuwa amesimama katikati ya chumba, anamtazama mkwewe kwa jicho ambalo sijawahi kuliona kwake, jicho la baba anayemwona mwanawe akitetea haki. Akavaa kofia.

"Twende wote," akasema. "Nitasimama nao mimi. Fundi unafunga vipande vizuri, halafu watu wanakuharibia jina? Nitawaeleza."

Ili kuipeleka prosesa ilibidi kwanza ing'olewe. Mdogo wangu akazungusha feni iliyokaa juu yake taratibu, maana kati yao kuna uji wa kijivu wa kupitisha joto, na ukipoa unashika kama gundi. Prosesa ikatoka. Ni kibati kidogo cha mraba, na upande wa chini kina pini nyembamba zaidi ya elfu moja, zimesimama kama nywele za brashi. Akaigeuza. Akaipitisha ncha ya kidole pembeni, polepole. Kidole kikasimama. Kikarudi nyuma, kikapita tena, kikasimama pale pale.

Akaniangalia. Kisha akaiweka kwenye kiboksi chake, akakifunga, akasema, "Twende, Baba."

Niliwaangalia dirishani. Mzee alitangulia kwa mwendo wa haraka, anapunga mkono huku anaongea. Duka lile liko mtaa wetu huu huu, ng'ambo ya barabara, baada ya kinyozi. Walipita kwa kinyozi. Walifika kabisa kwenye ngazi za duka. Hapo mdogo wangu akamshika mzee mkono wa shati, na mzee akageuka. Sikusikia kitu, magari yalikuwa yanapita. Niliona tu mdogo wangu anaongea, ameshika kiboksi kwa mikono miwili kifuani. Mzee akavua kofia, akaitazama ndani kana kwamba ameandikiwa kitu humo, akaivaa tena. Wakarudi, lakini wakarudi wameachana hatua kama kumi.

Mzee aliingia wa kwanza, akaketi.

"Mdogo wako," akaniambia, "amenizuia nisiwatukane watu wasio na kosa. Lakini amenizuia nikiwa nimeshakanyaga ngazi."

Mdogo wangu alibaki mlangoni. "Nimeikunja mimi, dada. Jana. Prosesa haisukumwi, ukiilenga sawasawa inadondoka yenyewe kwenye matundu yake. Sikuona alama ya kona inayoonyesha ikae upande gani. Niliigeuza, niliigeuza, mwishowe nikaikandamiza kwa dole gumba. Sioni vitu vya karibu. Ni mwaka wa pili sasa."

Nilitegemea mzee atafoka. Afadhali angefoka. Aliuliza tu, "Binti yangu anajua?"

"Hapana."

"Na ungenyamaza, mimi ningesimama mle dukani na mvi zangu hizi, nikamwita mtoto wa watu mwizi."

"Ndiyo, Baba. Ndiyo maana nimeshindwa."

Mimi nikaenda kuchukua sindano yangu nyembamba kuliko zote, ile ya kushonea shanga, nikaosha mikono, nikasema, "Leteni huku kwenye mwanga."

Tukaiweka kwenye meza ya kukatia. Mzee akashika tochi ya simu bila kuombwa. Pini tatu za ukingoni zilikuwa zimelala kabisa, zimebanwa kwenye bati. Mdogo wangu alikaa pembeni yangu, haoni, ila anajua, akinielekeza kwa sauti.

"Usiinyanyue kwa mkupuo. Ingiza ncha chini yake, inua kidogo, pumzika. Inua kidogo. Ifuate mstari wa wenzake."

Ya kwanza ikasimama. Ya pili ikachukua muda, nikatoka jasho mpaka mzee akanifuta paji la uso kwa leso yake, kwa umakini kabisa, kama daktari msaidizi. Ya tatu ilikuwa imekunjwa pabaya zaidi. Niliiinua nusu, nikapumzika, nikaiinua tena, ikakatika. Haikutoa hata sauti. Ilibaki juu ya ncha ya sindano kama unyoya.

"Imekatika," nikasema, na sauti yangu ikaniponyoka. "Nisamehe. Imekatika."

"Iache, dada. Si zote ni za lazima," mdogo wangu akasema, lakini uso ulikuwa umemsawijika. "Tujaribu."

Safari hii nilimwonyesha mimi alama ya kona. Prosesa ikadondoka yenyewe, laini, bila kuguswa. Akapaka uji mpya, akafunga feni, akawasha. Kijitaa cha CPU kikawaka, kikazimika. Cha mwisho kikawaka na kubaki.

"Hicho ndicho cha ramu," mzee akasoma kwa miwani yake.

Mdogo wangu akachomoa kijiti kimoja, akaacha kimoja. Akawasha tena. Sote watatu tuliinama, vichwa vimegusana. Skrini ikapepesa, ikaleta maandishi meupe.

Mimi nilipiga vigelegele, sina haya. Mzee alitoa pumzi ndefu, kisha akauliza kama anayekagua mpaka wa kiwanja, "Kasoro yake nini?"

"Pini iliyokatika ilikuwa ya njia moja ya ramu. Itafanya kazi kwa nusu ya kumbukumbu, Baba. Nitanunua prosesa nyingine, nije kuibadilisha nyumbani. Jumanne."

"Jumanne nina mteja. Njoo Jumatano." Akasimama, akachukua kofia. "Na uje umevaa miwani. Bila hiyo hunifungulii hata dirisha."

Jioni ile ile mdogo wangu alimweleza mkewe. Akaniambia mkewe alikasirika kuliko baba yake, si kwa ajili ya prosesa, ila kwa ile miaka miwili. Jumatatu walienda kupima macho pamoja, na ni mke aliyechagua fremu.

Jumatano mdogo wangu akaenda kwa mzee na prosesa mpya mfukoni na miwani usoni. Alimkuta ameinama kwenye skrini, mistari ya kiwanja imejaa rangi tatu, karatasi zimetapakaa hadi kitandani.

"Shikamoo, Baba. Nimekuja kubadilisha."

"Usiiguse," mzee akasema bila kugeuka. "Niko kazini."

Alirudi wiki iliyofuata, akajibiwa vivyo hivyo, na mwezi uliofuata. Prosesa mpya akamwachia, na iko kwenye droo ya mzee, bado kwenye kiboksi chake. Ile yenye pini pungufu ndiyo inayochora ramani mpaka leo.