Firigisi ya Mzee Wabwire

Khavere, mama yake Vivian, hakuitwa jikoni kwa Triza kwa mapenzi. Aliitwa kwa kuwa katika ploti nzima pale Kayole hapakuwa na wa kumshinda kupika kuku wa kienyeji. Alilijua hilo, na bado roho ilimuuma.

Isimuume kwa nini? Walianza pamoja, yeye na Triza, wakipakia sabuni kiwandani, vyumba vyao vikitazamana. Leo baba mkwe wa Triza, Mzee Wabwire, alikuwa ametoka Busia makusudi kuja kula kwa mwanawe. Baba mkwe wa Khavere naye alishakuja Nairobi mara mbili, na zote mbili akala Mowlem kwa mwanawe mwingine, Kayole hata hodi hakupiga. Wivu huo Khavere aliulea mwaka mzima, ukanenepa.

Triza alipotoka kumnawisha mzee mikono, Khavere alifunua sufuria. Firigisi ilikuwa juu juu, imeiva. Kwao Waluhya hata mtoto anajua ni ya nani. Kuku akipakuliwa bila firigisi mzee ametukanwa, na lawama ni ya mke mwenye jiko. Khavere aliitia kinywani, akaitafuna mbio mbio ikamchoma ulimi. Ilikuwa tamu, tusidanganyane.

Sebuleni Mzee Wabwire alipekua bakuli, akapekua tena.

"Mama, huyu kuku alikuwa anasagia mchanga wapi?"

Wafula, mume wa Triza, aliinamisha kichwa. Nyuma ya pazia la jikoni Khavere alisubiri, moyo ukimdunda kwa furaha aliyojua ni mbaya.

"Ni mimi, Baba," Triza akasema. "Nilimpasua vibaya, nyongo ikamwagikia firigisi, nikaitupa. Unisamehe."

Mzee aliguna. "Basi siku nyingine upasue pole pole," akasema, akamega ugali.

Khavere hakuelewa. Kuku walimtengeneza wote wawili, na nyongo ilitoka nzima.

Triza alirudi jikoni, akavuta pazia, akampakulia ugali na paja zima.

"Mama Vivian, nilikuona," akanong'ona. "Kama kwako hakuna kitu, si ungeniambia tu? Mimi na wewe tumetoka mbali."

Njaa? Kwa Khavere kulikuwa na gunia la mahindi ambalo halijafunguliwa. Tangu aolewe hajawahi kuomba jirani hata chumvi, na jambo hilo alijivunia kuliko mapishi yake. Alifungua kinywa akatae. Hapo akaona kwamba akikataa njaa, itabidi aseme kilichomlisha ile firigisi. Aibu zilikuwa mbili mbele yake, na moja lazima aivae.

Akaivuta sahani.

"Ni njaa, Triza," akasema. "Tangu jana hatujaweka kitu mdomoni."

Triza, machozi yakimlengalenga, akachukua karatasi ya nailoni na kuanza kumpimia unga wa kwenda nao nyumbani.