Bustani Nyuma ya Utando wa Thelathini

Fundi Saa alikuwa na miaka hamsini na mitatu, na tangu afungue karakana yake pale sebuleni hakuna aliyewahi kumsikia akipaza sauti humo. Lakini Jumamosi ile, saa nne asubuhi, alipiga ukelele uliomtoa binti yake jikoni mbio, mwiko mkononi.

"Mama! Umejikata?"

"Imesoma!" Fundi Saa alikuwa amesimama, kioo cha kukuzia bado kimebanwa jichoni, akiielekezea kompyuta kibanio chake. "Chipu ya nne imesoma!"

Furaha hiyo ilianza wiki mbili nyuma. Mnunuzi wa vyuma chakavu alimletea boksi la saa mbovu, na chini kabisa ya boksi palikuwa na bodi ya umeme pana kama sinia, imeganda vumbi, pembeni ina kibandiko cha nyuki. Fundi Saa alipomwona yule nyuki, alimtambua papo hapo. Ilikuwa bodi ya mashine ya michezo ya ukumbi wa mtaani kwao, enzi za utoto wake. Lilikuwa kabati refu lenye skrini. Ukitia sarafu, unamwongoza nyuki kupenya tando za buibui, utando baada ya utando, mpaka anaswe.

Na mashine hiyo ndiyo iliyomharibia kaka yake jina.

Kaka alikuwa na miaka kumi na minne siku aliporudi nyumbani anahema, akasema amevuka utando wa thelathini, na nyuma yake kuna bustani: maua skrini nzima, na muziki mwingine kabisa. Mtaani hapakuwa na aliyewahi kuvuka hata wa ishirini. Mdogo wake, yaani Fundi Saa mwenyewe, wakati huo mtoto wa miaka tisa mwenye mdomo usio na breki, alitoka mbio kwenda kumuuliza mwenye ukumbi. Mwenye ukumbi akacheka mpaka akakohoa. "Bustani? Mle ndani mna buibui tu, mwanangu." Jioni hiyohiyo mtoto yule akautangazia mtaa mzima, nyumba kwa nyumba.

Wiki haikuisha kaka hajabatizwa Bustani. Aliitwa hivyo shuleni, akaitwa hivyo kazini kwenye malori, hata siku ya harusi yake mshereheshaji alimtangaza hivyo na ukumbi ukavunjika mbavu. Yeye hucheka pamoja na watu. Ila kauli yake hakuwahi kuifuta.

Binti, ambaye ni karani wa maktaba, ndiye aliyeleta habari kwamba zipo programu zinazoifanya kompyuta ya nyumbani ijifanye mashine ya zamani. "Lakini lazima uilishe yaliyomo kwenye chipu zake, Mama. Bila hivyo itakutolea macho tu." Fundi Saa akatafuta kifaa cha kusomea chipu. Tatu zilisoma bila shida. Ya nne ilikuwa na mguu mmoja ulioliwa na kutu mpaka shinani. Siku nane alihangaika nayo, wateja wakiambiwa warudi kesho, mpaka akafanikiwa kuunga waya mwembamba kama unywele kwa tone la lehemu dogo kuliko kichwa cha sisimizi.

Ndiyo maana ya ukelele.

"Haya, fungua, fungua!" alimhimiza binti yake. Programu ikafunguka. Skrini ikawa nyeusi, ikapepesa, kisha nyuki huyo! Lakini alikuwa amelala ubavu, anapaa kuelekea ukutani.

"Imeharibika," binti alisema.

"Haijaharibika! Skrini ya kule ilikuwa imesimama wima. Shika huku."

Wakaiinua skrini ya kompyuta, wakaisimamisha kwa ubavu wake, wakaiegemeza kwenye saa mbili za ukutani. Nyuki akakaa sawa.

"Sasa sarafu natia wapi?"

"Bonyeza namba tano."

Akabonyeza. *Tiing!* Mlio uleule. Fundi Saa akacheka peke yake kama aliyetekenywa.

Utando wa kwanza alinaswa. Wa kwanza tena, akanaswa tena. Vidole vilivyozoea skrubu za saa vilikuwa vigumu kama vijiti vya meno. Binti akamwonyesha kitufe cha kuhifadhi mahali ulipofika, ili ukinaswa urudi palepale.

"Huo si wizi?"

"Ni wizi mtupu."

Fundi Saa akafikiri kidogo. "Basi sawa. Mimi sichezi, natafuta ushahidi."

Wakapokezana. Chakula kiliungua jikoni, hakuna aliyejali. Utando wa kumi na tisa uliwachukua saa nzima. Wa ishirini na sita buibui walikuja wawiliwawili, binti akawatukana kwa maneno ambayo mama yake hakujua anayajua. Saa tisa alasiri nyuki alipenya kwenye tundu la mwisho la utando wa thelathini. Skrini ikawa nyeupe.

Kisha yakachomoza maua. Moja, matatu, skrini nzima. Na muziki ukabadilika.

Fundi Saa hakupiga kelele safari hii. Alishika simu.

"Kaka, uko wapi? Njoo kwangu. Sasa hivi."

"Kafa nani?"

"Hajafa mtu! Njoo!"

Bustani alifika na vumbi la simenti mpaka kwenye nyusi. Akasimama mlangoni, akaiona skrini iliyosimamishwa kwa ubavu, akasogea polepole. Akavua kofia.

"Kaka, nisamehe," Fundi Saa alisema. "Mimi ndiye niliye…"

"Ngoja, ngoja." Hakuyatoa macho kwenye maua. "Usizime kitu. Mpeleke nyuki kushoto, chini ya ua kubwa. Pana mlango."

"Mlango gani? Mbona hukuwahi kuusema?"

"Nilisema bustani mkacheka miaka arobaini na nne. Ningeongeza na mlango?"

Binti aliangua kicheko mpaka akakaa sakafuni. Bustani naye akacheka, kisha akajifuta macho kwa kofia, akapaka simenti uso mzima. "Siku ile nilikuwa nakaribia kuugusa ule mlango, mara umeme ukakatika," alisema. "Sijui ndani mna nini."

Fundi Saa akainuka, akamvutia kiti chake mwenyewe, kile ambacho hata mteja haruhusiwi kukalia. Bustani akaweka vidole vyake vinene kwenye kibodi. Nyuki akateleza kushoto, akaingia chini ya ua, akapotea.

Skrini ikafunguka upya: tando za dhahabu, zinazunguka kama magurudumu, na nyuki sasa walikuwa wawili.

"Wawili!" Bustani alifoka. "Wa pili nani anaongoza?"

"Mimi!" Fundi Saa alikuwa tayari amepiga magoti kando yake, bega kwa bega, anatafuta vitufe. "Sogea, Kaka, sogea! Kulia! Kulia, nimesema!"

Wakanaswa wote wawili papo hapo.

"Rudisha!" walipiga kelele kwa pamoja.