Miyenzi Iliyokataa Kufa

Mahakama ilimwamuru Mzee Nzabonimpa wa Gikundamvura aondoe ua wake wa miyenzi, ile miti ya utomvu mweupe, kwa sababu ulifunga njia ya jirani yake, Maman Véronique. Mzee hakungoja kesho. Siku ileile alishika panga, akafyeka ua wote hadi chini mbele ya kiongozi wa kijiji. Kisha, kwa kuwa njia ilikuwa tope tupu, akatandika yale matawi juu yake ili jirani apite bila kuchafua miguu.

"Nimeshindwa kesi, sikushindwa adabu," alimwambia mkewe.

Maman Véronique alipita juu ya matawi bila kushukuru. Aliokota yaliyonyooka, akaenda kusimamishia maharage yake.

Mvua zikanyesha. Muyenzi ni mti usiojua kufa. Hata tawi lililokatwa, likigusa udongo wenye maji, linatoa mizizi. Kabla masika hayajaisha, katikati ya njia palikuwa na ua mpya, mbichi, uliomfikia Maman Véronique magotini. Akarudi mahakamani: Mzee amedharau amri, amepanda tena!

Kesi ikapangwa Alhamisi. Jumamosi yake wakwe walikuwa wanatoka Kamembe kuja kumposa binti wa Mzee, Uwamahoro.

"Wakikufunga, mdogo wako Adrien atajibu posa," mkewe alisema.

"Adrien? Yule atamtoa mtoto wangu kwa chupa mbili za bia!"

Alhamisi hakimu, mama mmoja wa miwani, alisema hawezi kuhukumu ua asiouona. Wote wakapanda gari hadi Gikundamvura.

"Ulipanda?" hakimu alimuuliza Mzee pale njiani.

"Nilitandika, mheshimiwa. Hiyo ingine ni kazi ya mvua."

Maman Véronique akapiga makofi. "Eh, Papa! Fimbo imekufa, inaweza kuamuka? Nani aliona maajabu hayo?"

Hakimu alikuwa anatazama shamba la pili, la maharage ya Maman Véronique. Kila mti uliosimamisha mmea ulikuwa umechipua, kijani, ukishindana na maharage kwa urefu.

"Maman, hii fito ulitoa wapi?"

"Niliokota hapa njiani."

"Na wewe ulipanda ua?"

"Hapana! Ni fito za..." Kiongozi wa kijiji alicheka mpaka akashika tumbo.

"Anayedharau amri hatandikii jirani njia," hakimu alisema. "Ng'oeni yote leo, na mizizi, nyote wawili. Mukaushe juu ya mawe, si juu ya udongo."

Wakang'oa pamoja, wakirushiana maneno hadi jioni.

Jumamosi wakwe walifika kwa njia ile ile, viatu vikiwa vimejaa tope. Maman Véronique aliwafuata nyuma na sufuria ya maharage kichwani. Adrien alipokohoa ili aanze kujibu posa, Mzee akanyoosha kidole.

"Kaa chini, mdogo wangu. Baba wa mtoto yupo."