Mtu wa Pili Kutoka Kushoto

Kelestini aliendesha kreni bandarini Dar es Salaam kwa miaka ishirini na saba. Alianza gati la makontena likiwa chini ya shirika la serikali, akaendelea lilipokodishwa kwa kampuni, na kampuni ilipobadilisha wamiliki akapewa ovaroli lenye jina jipya mgongoni, akapanda ngazi zilezile. Alipostaafu alirudi kwao Lumemo, nje kidogo ya Ifakara. Mkewe akafariki mwaka uliofuata. Binti yao yuko Songea, hupiga simu Jumapili.

Majirani walikuwa watu wema. Siku moja aliwaeleza jinsi kontena la tani thelathini linavyotolewa melini na kutua juu ya lori bila kishindo. Walimsikiliza kwa adabu, kisha mmoja akauliza kama mbolea imefika. Tangu hapo hakueleza tena.

Mwezi wa sita mwaka huu alikuja dada mmoja kutoka kampuni ileile, jina lake Agnella. Walikuwa wanaandaa kitabu cha historia ya gati.

"Shikamoo baba."

"Marahaba, mwanangu. Karibu kiti."

Alimwonyesha picha ya wanaume sita chini ya kreni ya kwanza. Kelestini aliwataja mmoja mmoja kuanzia kulia, na kwa kila jina Agnella alisema taratibu, "Huyu ameshafariki, baba." Kisha kidole cha mzee kikasimama kwa mtu wa pili kutoka kushoto.

"Huyu ni Mchombe."

"Ndilo jina lake?"

"Ndiko kwao. Tulimwita hivyo."

"Jina lake halisi?"

Kelestini aliisogeza picha karibu na macho. Kwa miaka kumi na moja mtu huyo alisimama chini gatini akimwelekeza kwa mikono, naye yuko juu peke yake ndani ya kibanda cha vioo. Zamu ikiisha, kila mmoja alishika njia yake. Agnella akaandika "hajulikani", akashukuru, akaondoka na basi la mchana.

Neno lile lilimkera Kelestini mpaka asubuhi. Akapanda basi la Mlimba, akashuka Mchombe, akauliza kwenye mashine ya kukoboa mpunga kama kuna mtu aliyewahi kufanya kazi bandarini.

"Unamuulizia marehemu Polikarpo," wakamwambia, wakamwonyesha nyumba.

Mjane wake, Domitila, alikuwa anaanika mpunga kwenye turubai. Mgeni alipojitambulisha, aliacha kazi.

"Kumbe ndiye wewe, shemeji! Kila akienda kliniki Ifakara alikuwa anasema safari ijayo atakutafuta."

"Mbona hakuja?"

"Aliona haya. Alisema hana hakika kama unamjua hata jina."

Kelestini alitazama chini. Angeweza kudanganya, na mama yule angefurahi.

"Sikulijua, shemeji. Nimelisikia leo, pale mashineni."

Domitila akageuza mpunga kwa mguu. Baadaye akauliza, "Hivi alikuwa anafanya kazi gani hasa? Aliniambia anapunga mikono. Nikadhani ananitania."

"Nikiwa kule juu, kontena lilinizibia, sikuona watu waliokuwa chini yake. Yeye ndiye aliyewaona. Asiponyoosha mkono, mimi sishushi. Miaka kumi na moja hatukumuumiza mtu."

"Hakuwahi kunieleza hivyo," alisema Domitila, akajifuta uso kwa ncha ya kanga.

Polikarpo alikuwa amefariki Kwaresima ya mwaka juzi. Kelestini alipelekwa kaburini, akasimama pale kitambo, kisha akaaga. Akiwa kituoni alimpigia Agnella.

"Yule wa pili anaitwa Polikarpo. Andika."

"Asante sana, baba! Polikarpo nani?"

Basi la Ifakara lilikuwa linakaribia, kondakta ameshaanza kuita. Kelestini aliliacha lipite. Akageuka, akarudi kwa Domitila kuuliza.